Kwa Papa Floribert Hangi, Kutoka kwa Waliovuta Mivukuto Yake

Mwaka mmoja umetimia leo, Papa, tangu utuachie kinanda kisicho na pumzi na madaftari kumi na mawili: kumi na moja yamejaa mwandiko wako, moja karibu tupu. Tunakuandikia sisi wa nyumbani kwako, hapa Masisi. Kalamu nimepewa mimi Estelle, mtoto wako wa kwanza, kwa sababu wenzangu wanasema mimi ndiye mwenye maneno mengi. Majirani na wanafunzi wako wa zamani wakisoma, wasome tu. Hakuna siri humu isipokuwa moja, na hiyo nitaitoa mwenyewe.

Jambo la kwanza ulijue: kinanda kinalia. Najua hukupenda mtu aanze hadithi na mwisho wake, ulikuwa unagonga meza kwa rula na kusema, "Rudi mwanzo." Haya, narudi mwanzo. Lakini hili limetukaa kifuani, hatukuweza kulinyamazia mpaka chini ya ukurasa.

Tunakumbuka mfuko wa shati lako uliobaki mweupe kwa chaki hata miaka sita baada ya kustaafu. Tunakumbuka vidole vyako vikitembea mezani wakati wa kula, mkono wa kulia ukifuata wimbo wake na wa kushoto wa kwake, mpaka maharage yanapoa. Mgeni aliyeingia kwako alipewa maziwa kwanza, maswali baadaye. Mwanafunzi asiye na daftari ulimchania lako katikati. Lakini aliyekuletea kazi bila jina lake kamili juu ya karatasi alipata sifuri, hata kama majibu yote yalikuwa sawa. "Kazi bila jina iko ya nani?" uliuliza, na darasa zima likajibu kwa sauti moja, "Iko ya panya!" Mimi mwenyewe nilikula sifuri hiyo, binti yako wa kukuzaa, na nyumbani hukunionea huruma.

Miaka thelathini ulifundisha Kifaransa asubuhi na kwaya jioni. Katikati ya hayo ulikuwa na kazi yako nyingine, ile iliyowafanya watu waseme kwamba Mwalimu Hangi ana akili lakini anaipeleka mbali mno. Ulikuwa unachunguza muziki wa Johann Sebastian Bach na vyombo alivyokuwa navyo mbele yake. Hukuishia kwenye kuimba au kupiga. Ulipima, ukalinganisha, ukaandika. Ulisema mtungaji huandika kwa chombo kilichopo, si kwa chombo anachokiota, na kwamba mtu akitaka kuelewa wimbo, aanze kuuliza ulipigwa kwenye nini, ndani ya nyumba gani, kwa upepo kiasi gani.

Mtu mmoja alikusimamisha mlangoni pa kanisa, akakuambia, "Mwalimu, huyu muzungu alikufa zamani sana. Atatusaidia nini huku kwetu?"

Ulimjibu, "Kila Pasaka munaimba kama yeye alivyopanga sauti. Hautake kujua ile sauti ilitokeaka mu kintu gani?"

Kila Jumamosi Yves, mdogo wangu, alikupakia kwenye pikipiki yake mpaka Mushaki, kwa sababu huko juu kuna kilima ambacho mtandao unashika vizuri. Ulisimama pale umeinua simu, ukivuta kurasa za vitabu vya zamani moja baada ya nyingine, na watu wa soko la barabarani wakikuona walijua ni saa ngapi. Ukirudi, ulizinakili kwa mkono. Ulisema jicho linapita haraka lakini mkono hauruki neno. Yves anasema hakuna abiria aliyemchelewesha kuliko wewe, na tangu uondoke kilima kile hapendi kukipita.

Kati ya yote uliyoyasoma, moja ulilipenda kuliko mengine. Mtoto wake Bach aliandika kwamba baba yake, akiitwa kukagua kinanda kipya cha kanisa, kile kikubwa cha mabomba, jambo la kwanza alifungua sauti zote kwa pamoja na kupiga kwa nguvu. Akasema kwa utani kwamba anataka kujua kama chombo kina mapafu mazuri. Ulicheka kila ulipolisimulia. Ulilisimulia kwa padri, kwa wapanda maharage wa kilimani, kwa wachimbaji waliopita na mizigo kutoka Rubaya, ambao walikaa tu wapumzike, wakajikuta wanasikia habari za mapafu ya kinanda.

Ni Mama aliyekuuliza swali lililogeuza kazi yako yote. Tulikuwa mezani sote. Ulikuwa umemaliza kutuhesabia watoto wa Bach.

"Papa Estelle," Mama akasema, "ule Bach yako alizala batoto makumi mbili. Nani alikuwa anabapikiaka?"

Tulicheka. Wewe pia ulicheka. Lakini Mama hakuwa amemaliza.

"Na ile orgue yake, ile kinanda ya mabomba, haikukuwa na kourant ya umeme. Upepo ilitokaka wapi? Nani alikuwa anavutaka, siku yote, yeye akikala tu na kupiga?"

Uliacha kijiko. Uliinuka ukaenda kwenye madaftari yako na hukurudi kumaliza chakula. Kuanzia siku ile ulitafuta watu wa mivukuto, wale waliosimama nyuma ya kinanda wakikanyaga na kuvuta ili upepo uingie kwenye mabomba. Kila kitabu ulichokipata kilimtaja mpigaji, kikamtaja fundi, kikamtaja hata mkubwa aliyelipia mbao. Mvutaji hukumpata. Katika kurasa zote zilizofika Mushaki hukuona majina yao, na jambo hilo lilikukera kama kazi ya mwanafunzi isiyo na jina. Uliandika sura nzima, ya nne, na ulikuwa mkali humo. Ulisema wimbo wote ule umesimama juu ya migongo ya watu ambao hakuna aliyejisumbua kuwaandika.

Chuo kimoja cha Goma kilikubali kuisoma kazi yako. Ikipita, ingewekwa maktabani, na mwanafunzi yeyote angeweza kuifungua. Hilo ndilo ulilolitaka, Papa, na hukulificha. Hukutaka cheo, hukutaka kuitwa daktari. Ulitaka mtoto wa Masisi au wa Walikale aingie maktabani na akute kitabu kuhusu Bach kilichoandikwa na mtu aliyekunywa maji ya milima hii hii.

Profeseri Sylvain, aliyepewa kuisoma, alikuandikia barua fupi. Alisema kazi ni nzuri, lakini umeandika kurasa mia tatu juu ya chombo ambacho hujawahi kukigusa. Tulidhani utavunjika moyo. Uliikunja barua, ukaitia mfukoni pamoja na chaki, ukasema, "Ana haki. Basi nitakitengeneza."

Na ulikitengeneza! Ulikwenda milimani kukata mianzi, ukaitundika juu ya moto wa jikoni mwaka mzima ikauke kwa moshi, wadudu wasiitoboe. Mama alipika ameinama mwaka mzima. Vibonyezo ulivitoa kwenye hamoniamu ya zamani ya parokia, iliyokuwa imeliwa na mchwa mpaka ikabaki meno matupu. Ulikata mabomba ishirini na tisa, refu kwa sauti nzito na fupi kwa nyembamba, ukayaziba na kuyafungua midomo kwa kisu cha kukatia kucha. Mara mbili milio ya risasi ilitutoa nyumbani. Wengine walibeba magodoro na sufuria. Wewe ulibeba mabomba ishirini na tisa yamefungwa kwa kitenge cha Mama, na njiani watu walikupisha wakidhani umebeba mgonjwa.

Ikabaki mivukuto. Hapo ndipo ulipokosea, na ulikosea kama mtu wa Masisi tu anavyoweza kukosea.

Rafiki yako Tuyizere, mfugaji wa Mushaki, alikupa ngozi mbili za ndama na ushauri juu yake. "Mwalimu, ngozi inalainishwa na mafuta ya ngombe. Njo vile bamama bote banafanyaka ngozi ya kubebea mutoto. Inakuwa laini, mutoto analala."

Ulipaka mafuta. Ulipaka siku saba, tabaka juu ya tabaka, na ngozi ikawa laini kweli, ikapumua bila kelele. Mama alikaa nyuma ya kinanda kwenye kiti chake kifupi, akashika mpini, akavuta, na kwa mara ya kwanza nyumba yetu ilisikia sauti ile. Uliinama juu ya vibonyezo ukalia. Nasema ulilia kwa sababu ulikuwa unakana.

Wiki tatu baadaye Profeseri Sylvain akafika kutoka Goma na vumbi lake lote. Ulivaa koti. Ulimpa maziwa. Ulikaa, ukanyoosha vidole, ukampa Mama ishara. Kinanda kikatoa pumzi moja ndefu ya mtu aliyechoka, basi. Ulibonyeza tena. Hakuna kitu. Mama akavuta kwa nguvu zaidi, na kutoka kwenye kona ya mivukuto panya akaruka, akapita juu ya kiatu cha Profeseri, akafuatwa na watoto wake wanne. Walikuwa wamekula ngozi yote ya kona kwa sababu ya yale mafuta, na kilichobaki wamekifanya chumba cha uzazi.

Yves alitoka nje akicheka mpaka akashika ukuta. Wewe ulikaa pale pale. Profeseri, mtu wa heshima, alifuta kiatu chake akasema, "Mwalimu, sikatae kazi yako. Lakini sura ya nne inasimama juu ya hiki chombo, na chombo hakiko na mapafu. Siku kitalia, uniite. Nitarudi."

Mwanafunzi wako mmoja wa zamani, aliyekuja kutazama, alinong'ona, "Iko ya panya." Ulimsikia. Ulicheka wewe mwenyewe, Papa, na ndipo nasi tukajua kwamba hujashindwa.

Uliaga kwenda Walikale, kwa mjomba wako Faustin, ndugu mdogo wa Nyanya, ambaye baba yake alikuwa mhunzi. Ulimwambia Mama wiki moja. Ulikaa wiki nne. Uliporudi na ndevu, Mama amesimama mlangoni na mikono kiunoni, ulijitetea kwamba Bach naye aliomba ruhusa ya wiki nne kwenda kwa miguu kumsikia mpiga kinanda mkubwa wa mji mwingine, safari ya kama kutoka Goma kupita Beni, na akarudi baada ya miezi karibu minne. Mama akakujibu kwamba yeye si bibi yake Bach. Lakini alikuwa ameshakuwekea maji ya kuoga.

Ulitusimulia namna Mjomba Faustin alivyokupokea. "Mutoto wa dada yangu, ulipaka chakula ku mivukuto, na unashangala panya walikula?" Akakuonyesha jinsi wahunzi wa kwao walivyokuwa wanafanya: ngozi ya mbuzi ikaushwe kwa moshi, isuguliwe na maji ya ganda chungu la mti, kisha ipakwe nta ya nyuki wa porini, isiwe na harufu ya kula hata kidogo. Ulikaa wiki nne ukijifunza kitu ambacho babu zako upande wa mama walikijua siku zote. Uliandika yote katika daftari la kumi na moja, na humo hukusahau kuandika jina la Mjomba kamili, la baba yake, na la baba wa baba yake.

Ulianza kushona. Ulifika nusu. Kichwa kilikuwa kinakuuma na hukusema, mpaka siku ile ulipoangusha sindano na mkono wa kushoto ukakataa kuiokota. Hospitalini walisema ni presha. Siku mbili ulilala ukitutazama mmoja mmoja. Ya tatu ulimshika Mama mkono, na tulisogea tukidhani unataka kutuusia. Ukasema, "Kona ya kushoto mushone mara mbili. Upepo inatokeaka pale."

Hayo ndiyo maneno yako ya mwisho, Papa. Wengine huacha baraka. Tulikasirika kidogo, tusikudanganye.

Matanga yalipoisha, ukoo ulikaa kugawa vitu vyako kama ilivyo desturi. Koti lilipata mtu, viatu vikapata mtu, redio ikapata watu watatu waliogombana. Kisha mzee mmoja akasema mianzi ile imekauka vizuri, ingefaa ua wa mbuzi. Mama alikuwa amekaa chini na kitambaa cha msiba kichwani. Aliinuka, akaenda kukaa kwenye kiti chake kifupi nyuma ya kinanda, akashika mpini, akabaki pale mpaka watu wote walipokwenda kwao. Hakuna aliyerudia habari ya ua.

Kesho yake alichukua sindano. Tulimwambia apumzike. "Nimevuta hii kintu tangu siku ya kwanza," alisema. "Ninajua inaumwaka wapi." Alishona miezi miwili, na kona ya kushoto alishona mara tatu, ili usipate la kusema. Mjomba Faustin alituma nta imefungwa kwa majani. Tuyizere alikuja mwenyewe kutoka Mushaki, ameona haya, akapaka nta kwa mikono yake, na hakuleta hata tone la mafuta.

Mimi nilichukua madaftari, kila daftari sura moja, niyapige kwenye kompyuta. Na hapa ndipo siri yenyewe.

Katika sura ya nne, pale unapowalaumu watu wa zamani kwa kutoandika majina ya wavutaji, umeandika: "Swali hili niliulizwa na Mama Estelle, ambaye ndiye anayevuta mivukuto yangu." Nikaendelea. Mama Estelle alipima upepo. Mama Estelle alisikia kwamba bomba la saba linavuja. Mama Estelle alisema mvutaji husikia wimbo kwa mgongo kabla mpigaji hajausikia kwa sikio. Nilihesabu. Mara kumi na moja, Papa, na hakuna hata mara moja jina lake mwenyewe. Najua ilikuwa heshima. Kwetu mume haropoki jina la mkewe mbele za watu, na yeye kwako alikuwa anasema Papa Estelle vile vile. Lakini jina lililoingia kwenye kazi yako mara kumi na moja ni langu. Mimi, niliyekuwa navuta dakika tatu, nasema mkono unauma, natoroka! Nilifunga kompyuta nikakaa nje. Nilikukasirikia siku mbili nzima, kwa sababu ungempa mwanafunzi sifuri kwa kosa hilo hilo.

Sikumwambia Mama. Niliogopa.

Profeseri Sylvain alirudi mwezi uliopita. Gentille, binti yangu, uliyemfundisha vibonyezo akiwa bado hafiki chini kwa miguu, ndiye aliyekaa mahali pako. Profeseri hakusubiri wimbo. Alisogea, akafungua viganja vyote viwili, akabonyeza vibonyezo vingi kadiri mikono yake ilivyoweza kufunika, akakaa hivyo hivyo. Sauti ikajaa nyumba, ikatoka dirishani. Mbuzi wa jirani walisimama. Akangoja ichoke. Haikuchoka. Nilielewa anachokitafuta, nikatamani ungekuwepo umwone mtu mzima anavyotafuta mapafu. Kisha akampisha Gentille, na Gentille akapiga, na akapiga vizuri, na sisi sote tuliimba sauti zetu kama ulivyotupanga.

Ilipokwisha, Profeseri alizunguka nyuma ya kinanda. Alimkuta Mama kwenye kiti kifupi, jasho linamtoka, mkono bado uko kwenye mpini.

"Mama, samahani," akasema. "Mu sura ya nne kuko mutu anaitwa Mama Estelle. Njo yeye aliuliza swali ya hii kazi yote. Nilimutafuta ku orodha ya majina, haiko. Ni nani?"

"Njo miye," Mama akasema.

"Na jina yako, Mama?"

"Mama Estelle."

"Hapana, ile yako. Ile ya kamili. Kazi ya namna hii haiwezi kupita na jina ya mutoto."

Mama alinitazama mimi. Sijui kama alikuwa anaomba ruhusa au anacheka. Kisha akayasema majina yake yote matatu, polepole, na mimi nilikuwa na miaka arobaini na moja na sikuwahi kumsikia akiyasema kwa sauti yake mwenyewe. Profeseri aliyaandika. Akauliza na daftari la kumi na mbili, lile ambalo kwenye yaliyomo uliliita "Majina ya waliovuta." Nikamletea nikijua ni tupu, maana nilikuwa nimelifungua mara moja na kulifunga.

Yeye aliligeuza kwenye mwanga wa dirisha. Kwenye mstari wa kwanza, kwa penseli hafifu, ulikuwa umeandika "Mama Est" na ukakata. Umekata kwa mstari mmoja mnyoofu, kwa rula, kama ulivyokuwa unakata makosa yetu. Chini yake umeacha nafasi.

Kwa hiyo ulijua, Papa. Uliliona kosa lako mwenyewe, ukajipa sifuri yako, ukashika penseli urekebishe, ndipo mikono yote miwili ikaishia hapo. Nilikuwa nimekukasirikia bure. Nakuomba msamaha hapa, mbele ya wote wanaosoma, maana hasira yangu niliipigia kelele mbele ya Yves, Mama akiwa shambani, na majirani waliisikia bila kujua sababu yake.

Profeseri alisema, "Malizeni hii sura. Majina tu, na kila mutu alivuta siku gani. Halafu kazi imepita." Tulimaliza wiki ile ile. Barua ya chuo imefika: kazi yako imekubaliwa, na itawekwa maktabani jina lako likiwa mgongoni mwa kitabu. Jumamosi hii, baada ya misa ya saa tatu, kinanda kitalia parokiani. Vijana wanne wenye nguvu wataenda kukibeba, na mimi nitatembea mbele yao nikipiga kelele kama wewe kwamba wasikiinamishe. Wote mnaosoma, karibuni. Maziwa yatakuwepo.

Matangazo ya namna hii humalizika kwa majina ya ndugu wanaokumbuka. Ya kwetu tumeyanakili kama yalivyo kwenye sura yako ya kumi na mbili, kwa mpangilio wa waliovuta. Yves Hangi, mwanao, aliyevuta siku ya mvua ya mawe, na anayekuomba radhi kwa kile kicheko. Tuyizere, rafiki yako, aliyevuta mara moja akaogopa. Mjomba Faustin, wa Walikale, ambaye hajavuta hiki lakini alivuta vya baba yake, na wewe ungesema ni kimoja. Gentille, mjukuu wako, anayevuta vibaya na kupiga vizuri. Estelle Hangi, dakika tatu.

Mstari wa kwanza tuliuacha mpaka mwisho, kwa sababu yeye mwenyewe alitaka kuuandika. Alikaa mezani mahali pako, akashika penseli yako, akauandika chini ya pale ulipokata, na tumeuweka hapa kwa mwandiko ule ule wa herufi kubwa za mtu asiyeandika mara nyingi:

GÉNÉREUSE MAPENDO BAUMA, MUKE YA FLORIBERT. NILIVUTA SIKU YOTE.

Hatutakusahau, Papa, maadamu kuna mkono kwenye mpini.